Namna ya Kuandaa Ukurasa wa Kila Siku wa Maarifa ya Jumla, Habari na Kumbukumbu za Kihistoria

Ukurasa wa siku unaochanganya jambo moja la maarifa ya jumla, habari chache za leo na matukio yaliyotokea tarehe kama ya leo huonekana kuwa kazi nyepesi, kwa kuwa kila kipande ni kifupi na msomaji hukimaliza kwa dakika chache. Ufupi huo ndio unaoifanya kazi iwe ngumu. Makala ndefu ina nafasi ya kueleza, kuweka masharti na kurudi nyuma panapohitajika. Sentensi mbili hazina nafasi hiyo, na msomaji huzipokea kama zilivyo, kisha akazirudia mbele ya wanafunzi wake, kazini au nyumbani. Mwongozo huu ni kwa ajili ya mtu anayetaka kuandaa ukurasa wa namna hiyo kila siku, awe anausoma redioni, anaubandika kwenye ubao wa matangazo au anautuma kwa watu anaowafahamu.

Katika sehemu zote tatu, swali linaloamua kama kipande kinafaa kuandikwa ni moja: lini? Habari ina saa yake, yaani saa ilipothibitishwa. Kumbukumbu ina siku yake, na siku hiyo hutegemea kalenda iliyotumika na mahali ilipohesabiwa. Hata maarifa ya jumla, ambayo wengi huyachukulia kuwa hayana wakati, yana tarehe ambayo mara ya mwisho yalithibitishwa kuwa kweli. Mwandaaji anayeuliza swali hilo kabla ya kuandika neno la kwanza ataepuka sehemu kubwa ya makosa yanayozagaa katika kurasa za aina hii.

Daftari la siku 366

Kabla ya kuandika ukurasa wa kwanza, andaa daftari lenye kurasa 366, moja kwa kila tarehe, pamoja na ya 29 Februari. Jedwali la kompyuta linafaa vilevile. Katika kila ukurasa andika tukio, mwaka, mahali, chanzo ulichokisoma kwa macho yako mwenyewe, na jambo ambalo waandaaji wengi hulisahau, nalo ni aina ya tarehe. Je, hiyo ni siku tukio lilipotokea, siku lilipotangazwa, siku mkataba uliposainiwa, au siku ulipoanza kutumika? Hizo ni siku nne tofauti, na vyanzo viwili vinavyoonekana kupingana mara nyingi vinazungumzia siku mbili tofauti za jambo lile lile.

Mkataba wa Umoja wa Mataifa ulisainiwa San Francisco tarehe 26 Juni 1945, lakini ulianza kutumika tarehe 24 Oktoba 1945, na siku hiyo ya pili ndiyo inayoadhimishwa kuwa Siku ya Umoja wa Mataifa. Azimio la Arusha lilipitishwa na Halmashauri Kuu ya TANU mwishoni mwa Januari 1967, na likatangazwa kwa wananchi tarehe 5 Februari. Edmund Hillary na Tenzing Norgay walifika kileleni mwa Everest tarehe 29 Mei 1953, ila habari ilichapishwa London asubuhi ya 2 Juni, siku ya kutawazwa kwa Malkia Elizabeth wa Pili, na kwa sababu hiyo wapo wanaoandika kwamba mlima ulipandwa siku ya kutawazwa. Ukiandika katika daftari lako "habari ilitangazwa" au "ulianza kutumika", kosa hilo halitakupata, hata ukirudi kwenye ukurasa huo baada ya miaka mitano ukiwa umesahau kila kitu.

Ijaze daftari taratibu. Mtu anayejaribu kukusanya matukio ya mwaka mzima kwa wiki moja hulazimika kunakili orodha za wengine, na orodha hizo zimenakiliana kwa muda mrefu kiasi kwamba kosa moja hukutwa katika sehemu ishirini. Ni afadhali kuwa na matukio mawili yaliyohakikiwa kwa kila tarehe ya mwezi ujao, kisha kuongeza kadiri unavyosoma. Fanya kazi ukiwa umetangulia mwezi mmoja hivi, kwa maana kuhakiki tukio la kihistoria asubuhi ile ile ya kulichapisha humfanya mtu aridhike na jibu la kwanza analolikuta.

Kalenda iliyotumika

Sehemu hii inastahili subira, kwa sababu ndiyo inayowakosesha hata waandishi wazoefu. Kalenda tunayoitumia sasa, ya Gregori, ilianza mwaka 1582, wakati Papa Gregori wa 13 alipoamuru siku kumi zirukwe ili kalenda ilingane tena na mwendo wa jua. Katika nchi zilizoikubali mara moja, kama vile Hispania na Ureno, Alhamisi ya 4 Oktoba ilifuatwa na Ijumaa ya 15 Oktoba. Nchi nyingine zilichelewa sana. Uingereza na makoloni yake ziliingia mwaka 1752, ambapo 2 Septemba ilifuatwa na 14 Septemba. Urusi iliingia mwaka 1918, na huko 31 Januari ilifuatwa na 14 Februari. Maana yake ni kwamba kwa zaidi ya miaka mia tatu siku moja iliweza kuwa na tarehe mbili halali, kutegemea nchi uliyosimama.

Kwa hiyo Mapinduzi ya Oktoba ya Urusi, yaliyotokea tarehe 25 Oktoba 1917 kwa kalenda ya Juliasi, yaani ile ya zamani iliyotumika kabla ya kalenda ya Gregori, huadhimishwa tarehe 7 Novemba. Kwa hiyo pia inasemwa kwamba waandishi Shakespeare na Cervantes walifariki siku moja, 23 Aprili 1616, ilhali Uingereza na Hispania zilikuwa zinatumia kalenda mbili zilizoachana kwa siku kumi. Na Cervantes mwenyewe, kwa ushahidi uliopo, alifariki tarehe 22 na kuzikwa tarehe 23. Mimi niliwahi kuandika, kwa furaha kubwa ya mtu aliyegundua jambo zuri, kwamba Isaac Newton alizaliwa mwaka ule ule aliofariki Galileo. Galileo alifariki Italia tarehe 8 Januari 1642 kwa kalenda ya Gregori. Newton alizaliwa Uingereza tarehe 25 Desemba 1642 kwa kalenda ya Juliasi, tarehe ambayo kwa kalenda ya Gregori ni 4 Januari 1643. Ukizihesabu tarehe zote mbili kwa kalenda moja ya Gregori, miaka inatofautiana. Msomaji mmoja alinieleza hayo kwa upole, na tangu siku hiyo daftari langu lina safu ya kalenda.

Kanuni ninayoifuata ni hii: kwa tukio la kabla ya nchi husika kubadili kalenda, tumia tarehe ambayo wanahistoria wa tukio hilo wanaitumia, na uongeze maneno machache yanayoitaja kalenda. Usigeuze tarehe kimyakimya. Msomaji anayekuta "25 Desemba 1642 kwa kalenda ya Juliasi" anaweza kuhakiki. Anayekuta 4 Januari bila maelezo atadhani umekosea.

Zipo pia kalenda ambazo hazijaachwa. Mwaka wa Hijria una siku 354 au 355, hivyo tarehe zake husogea kwa takriban siku 11 kila mwaka ukilinganisha na mwaka wa jua, na mwandamo wa mwezi unaweza kutofautiana kwa siku moja kati ya nchi na nchi. Matukio yanayokumbukwa kwa kalenda hiyo yawekewe daftari lake, wala yasigandishwe kwenye tarehe moja ya Gregori. Ethiopia nayo iliukaribisha mwaka wake wa 2000 tarehe 12 Septemba 2007, na ilikuwa sahihi kabisa kwa kalenda yake.

Saa na mahali

Neil Armstrong alikanyaga Mwezi saa 2:56 kwa saa ya kimataifa, tarehe 21 Julai 1969. Mjini Washington ilikuwa bado usiku wa 20 Julai. Vitabu vya Marekani huandika 20 Julai, na havikosei. Chombo chenyewe kilitua tarehe 20 kwa hesabu zote mbili, saa 20:17 ya kimataifa. Vita vya Pili vya Dunia barani Ulaya vina hali hiyo hiyo: Ujerumani iliacha mapigano usiku wa 8 Mei 1945 kwa saa za Ulaya ya kati, wakati Moscow ilikuwa imeshaingia tarehe 9, na hadi leo nchi za magharibi hukumbuka tarehe 8 ilhali Urusi hukumbuka tarehe 9. Unapokuta tofauti ya siku moja kati ya vyanzo viwili vinavyoaminika, tafuta kwanza saa ya tukio kabla ya kukihukumu chanzo kimojawapo.

Kiswahili kina hatari yake hapa na kina tiba yake pia. Hatari iko katika kugeuza saa. Meli ya Titanic iligonga siwa barafu saa 23:40 na kuzama saa 2:20. Kwa saa za Kiswahili hizo ni saa tano na dakika arobaini usiku na saa nane na dakika ishirini usiku. Anayeandika "saa mbili usiku" kwa kuitazama tarakimu ya 2 amemrudisha msomaji nyuma kwa saa sita na kuizamisha meli kabla haijagonga. Tiba iko katika maneno "usiku wa kuamkia". Ukisema Titanic ilizama usiku wa kuamkia Jumatatu, 15 Aprili 1912, hakuna anayebaki na shaka kama ni usiku wa kabla au wa baada. Lugha nyingi hazina maneno ya wazi kiasi hicho, nasi tuyatumie kila tukio linapoangukia kati ya saa sita usiku na alfajiri.

Kuhesabu miaka

Hapa mambo ni mepesi, isipokuwa katika sehemu tatu. Kwanza, "kutimiza miaka 60" na "mwaka wa 60" ni vitu viwili. Muungano wa Tanganyika na Zanzibar wa 26 Aprili 1964 ulitimiza miaka 60 tarehe 26 Aprili 2024, na siku hiyo hiyo ukaingia mwaka wa 61. Pili, hakuna mwaka wa sifuri kati ya enzi za kabla na baada ya Kristo, kwa hiyo kuuawa kwa Julius Caesar tarehe 15 Machi 44 KK kulitimiza miaka 2000 mwaka 1957, ingawa mkono unaotoa kwa haraka huandika 1956. Tatu, tarehe moja inaweza kubeba mambo mawili ya miaka tofauti: Kenya ilipata uhuru 12 Desemba 1963 na ikawa jamhuri 12 Desemba 1964, na Tanganyika ilipata uhuru 9 Desemba 1961 na kuwa jamhuri 9 Desemba 1962. Taja ni lipi unalolihesabia miaka.

Kuchagua na kupanga maneno: mfano wa 7 Aprili

Daftari likishajaa, tatizo hugeuka: matukio yanakuwa mengi na nafasi ni ya matatu au manne. Wengi huchagua vita, wafalme na vifo, kwa kuwa ndivyo vilivyoandikwa zaidi. Chagua kwa makusudi matukio ya nyanja tofauti na mabara tofauti, na uulize kama msomaji atabaki na jambo la kufikiria baada ya kujua tarehe. Tukio ambalo huwezi kulielezea kwa nini lilikuwa muhimu, kwa sentensi moja, bado hujalielewa vya kutosha kuliandika.

Chukua 7 Aprili. Tarehe hiyo mwaka 1948 katiba ya Shirika la Afya Duniani ilianza kutumika, na ndiyo maana ni Siku ya Afya Duniani. Mwaka 1969 ilitolewa hati ya kwanza katika mfululizo wa hati za kiufundi ambazo mawasiliano ya intaneti yamejengwa juu yake. Mwaka 1972 Sheikh Abeid Amani Karume, Rais wa kwanza wa Zanzibar baada ya Mapinduzi, aliuawa kwa kupigwa risasi mjini Zanzibar. Mwaka 1994 yalianza mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi nchini Rwanda, siku moja baada ya ndege ya Rais Habyarimana kutunguliwa jioni ya 6 Aprili, na Umoja wa Mataifa umeitenga siku hiyo kuwa ya kuyatafakari mauaji hayo.

Orodha hiyo haiwezi kusomwa kwa sauti moja. Kiswahili kinatupa maneno yenye uzito tofauti, na ni wajibu kuyatofautisha: tunasherehekea jambo la furaha, tunaadhimisha siku yenye heshima ya umma, tunakumbuka msiba. Kuandika kwamba watu "wanasherehekea miaka kadhaa ya mauaji" ni kosa ambalo msomaji aliyefiwa halisahau, na nimelikuta zaidi ya mara moja katika kurasa zilizogeuzwa kwa haraka kutoka lugha nyingine. Katika siku kama hiyo mimi huanza na Rwanda na Karume, nikiacha mstari mtupu baada yake, kisha hufuata afya na teknolojia. Siweki kichekesho wala fumbo la kufurahisha chini ya msiba. Kama nafasi inatosha vitu viwili tu, intaneti husubiri mwaka mwingine.

Angalia pia tofauti kati ya tukio na siku ya kimataifa. Siku ya Kiswahili Duniani ni 7 Julai, na ilitangazwa na UNESCO mwaka 2021. Tarehe hiyo pia ndiyo TANU ilipoanzishwa mwaka 1954. Hayo ni mambo mawili yenye miaka miwili. Kwa kila "siku ya dunia" unayoikuta, tafuta nani aliyeitangaza na mwaka gani, kwani nyingine zimebuniwa na wafanyabiashara kwa ajili ya kuuza bidhaa, na kuzichapisha bila kusema hivyo ni kuwafanyia matangazo bila malipo.

Maarifa ya jumla yanayochakaa

Kipande cha maarifa ya jumla ndicho kinachoaminiwa kuliko vyote na kuhakikiwa kidogo kuliko vyote. Mtoto aliyefundishwa kwamba sayari ni tisa alifundishwa sawasawa hadi tarehe 24 Agosti 2006, siku ambayo wanaastronomia waliokutana Prague walipitisha maana mpya ya sayari na Pluto ikatolewa katika hesabu. Urefu wa Everest ulikuwa mita 8,848 katika vitabu vya miaka mingi, hadi China na Nepal zilipotangaza kwa pamoja, Desemba 2020, kipimo cha mita 8,848.86. Swaziland ikawa Eswatini mwaka 2018. Mji mkuu wa Kazakhstan uliitwa Nur-Sultan kuanzia 2019, kisha ukarudia jina la Astana mwaka 2022. Mwaka 2023, kwa makadirio ya Umoja wa Mataifa, India iliipita China kwa idadi ya watu. Hesabu ya miezi ya sayari ya Zohali imepanda mara kadhaa katika miaka ya karibuni, na Machi 2025 ilifika 274.

Kwa hiyo kila kipande unachokihifadhi kiandikie tarehe ulipokihakiki, na kigawe katika moja ya mafungu mawili. Fungu la kwanza ni la mambo yasiyobadilika, kama vile kasi ya nuru katika ombwe, ambayo ni mita 299,792,458 kwa sekunde kwa sababu mita yenyewe imefafanuliwa kwa kutumia kasi hiyo. Fungu la pili ni la mambo yanayobadilika: idadi, rekodi, majina ya miji, viongozi, jambo lolote lenye neno "mkubwa kuliko wote" au "wa mwisho". La fungu la pili halichapishwi bila kuhakikiwa tena wiki hiyo hiyo.

Kuna pia madai ambayo hayakuwahi kuwa kweli. Kwamba Ukuta Mkuu wa China unaonekana kutoka Mwezini kwa macho matupu yalikuwa madai ya watu waliokuwa Duniani, kabla mtu yeyote hajafika angani; na Yang Liwei, mwanaanga wa kwanza kupelekwa angani na China yenyewe, aliporudi mwaka 2003 alisema hakuuona, tena akiwa karibu na Dunia mno kuliko Mwezi ulivyo. Mengine ni mabishano halali yanayowasilishwa kama jibu lililokwisha kupatikana. Mto Nile, wenye takriban kilomita 6,650, kwa kawaida hutajwa kuwa mrefu kuliko yote, lakini wapo wapimaji wanaoupa nafasi hiyo mto Amazon, kwa sababu kukubaliana chanzo cha mto kiko wapi na mdomo wake unaishia wapi ni kazi ngumu. Katika hali hiyo andika mabishano yenyewe. Yanavutia kuliko jibu, na yanamfundisha msomaji jinsi kitu kinavyopimwa.

Maneno ya masharti yasikatwe ili kuokoa nafasi. Mgonjwa wa mwisho wa ndui aliyeambukizwa kwa njia ya kawaida alikuwa mpishi wa hospitali mjini Merca, Somalia, Oktoba 1977. Ukiyaondoa maneno "kwa njia ya kawaida" unaandika uongo, kwa maana mwaka 1978 watu waliambukizwa Birmingham, Uingereza, kutokana na virusi vilivyokuwa vikitunzwa kwenye maabara. Shirika la Afya Duniani lilitangaza Mei 1980 kwamba ndui imetokomezwa. Ni ugonjwa pekee wa binadamu uliotokomezwa hadi sasa, na mwenzake katika heshima hiyo ni ugonjwa wa wanyama, sotoka, uliotangazwa kutokomezwa mwaka 2011. Maelezo haya yangefaa sana kwa ukurasa wa 7 Aprili, kwa kuwa yanafungamana na Siku ya Afya bila kulazimishwa.

Habari za leo

Sehemu ya habari huachwa wazi hadi asubuhi. Chagua habari tatu, nne zikizidi sana, na uandike kila moja kwa maneno 40 hadi 60: nini kimetokea, wapi, lini, nani amesema, na nini bado hakijathibitishwa. Hicho cha mwisho ni sehemu ya habari, nacho kipewe sentensi yake.

Hesabu vyanzo kwa uangalifu. Tovuti kumi zenye aya zile zile mara nyingi zimechukua kutoka shirika moja la habari, iwe Associated Press lililoanza 1846, Reuters lililoanza 1851 au AFP la mwaka 1944, na kwa hiyo ni chanzo kimoja kilichosemwa mara kumi. Chanzo cha pili ni yule aliyeona au kuthibitisha mwenyewe bila kumtegemea wa kwanza: hati ya mahakama, taarifa rasmi ya mamlaka, mwandishi mwingine aliyekuwapo. Kichwa cha habari pekee kisikutoshe. Soma habari yote, maana sharti muhimu mara nyingi liko aya ya sita.

Kasi huwapotosha hata wakubwa. Chicago Daily Tribune la 3 Novemba 1948 lilitangaza kwenye ukurasa wa mbele kwamba Dewey amemshinda Truman katika uchaguzi wa rais wa Marekani, kwa sababu lililazimika kwenda mitamboni kabla kura hazijahesabiwa vya kutosha. Truman ndiye aliyeshinda. Tarehe 15 Aprili 1912 baadhi ya magazeti yaliandika kwamba abiria wote wa Titanic wameokolewa, ilhali watu zaidi ya 1,500 walikuwa wamekufa. Baada ya mashambulizi ya 11 Septemba 2001 hesabu za awali zilitaja zaidi ya watu 6,000 waliokufa au kupotea mjini New York, na baada ya majina kuchambuliwa, idadi ya waliouawa katika mashambulizi yote ilithibitishwa kuwa 2,977, bila kuwahesabu washambuliaji. Idadi ya waathirika katika saa za kwanza inaweza kushuka au kupanda, kwa hiyo iandikwe daima ikiwa na msemaji wake na saa yake: "kufikia saa nne asubuhi, mamlaka zilisema". Sentensi ya namna hiyo inabaki kweli hata idadi ikibadilika mchana.

Ondoa maneno "leo", "jana" na "juzi" na uweke tarehe. Ukurasa wako utasomwa siku nyingine, na habari ya zamani isiyo na tarehe ndiyo inayoamka baada ya miaka mitatu ikizunguka kama mpya. Kwa sababu hiyo hiyo, ukipokea picha au habari ya kushtua, hasa ya kifo cha mtu mashuhuri, tafuta kwanza ilipochapishwa mara ya kwanza, kisha usubiri kauli ya familia au ofisi yake. Kuchelewa saa mbili hakumuumizi mtu yeyote.

Kuuunganisha ukurasa

Mpangilio ninaoupendekeza ni habari kwanza, kumbukumbu zifuate, na maarifa ya jumla yamalizie yakiwa katika umbo la swali na jibu lake, yote siku ile ile. Kumbukumbu inayoangaza habari ya siku hiyo ipewe nafasi ya juu, lakini usiitafute kwa nguvu; kulinganisha mgogoro wa leo na vita vya karne iliyopita kwa sababu tu tarehe zimekutana humpa msomaji maelezo ya uongo ya jambo ambalo linahitaji maelezo ya kweli. Nukuu ya siku, ambayo wengi huipenda, iachwe kabisa isipokuwa umeiona katika hotuba au maandishi ya msemaji mwenyewe pamoja na tarehe yake.

Kabla ya kuutoa, usome ukurasa kwa sauti, ukiweka kidole kwenye kila tarehe na kila tarakimu, na kwa kila moja urudi kwenye chanzo. Kazi hiyo huchukua takriban dakika ishirini. Tarehe isiyopatikana kwenye chanzo hufutwa, hata kama kipande kizima kitaanguka nayo. Katika daftari lenye matukio mawili ya akiba hakuna siku itakayobaki tupu.

Kosa likigunduliwa baada ya ukurasa kutoka, sahihisho liwekwe juu kabisa ya ukurasa unaofuata, likitaja kosa lilikuwa nini, ukweli ni upi na ukurasa wa tarehe gani unaohusika: "Katika ukurasa wa 29 Mei tuliandika kwamba Everest ilipandwa 2 Juni 1953, ilipandwa 29 Mei, na 2 Juni ndiyo siku habari ilipochapishwa London." Kisha fungua daftari kwenye tarehe hiyo na urekebishe hapo pia, kwa wino wa rangi nyingine, pamoja na siku uliyorekebisha, ili mwaka ujao tarehe hiyo itakaporudi sahihisho liwe la kwanza kuonekana.